Mto Umechafuka au Umechafuliwa? Kauli ya Kutendeka na Swali la Haki ya Mazingira katika Uhakiki wa Kiswahili

Uhakiki wa kimazingira umejipatia nafasi katika idara zetu za Kiswahili, lakini kwa kiasi kikubwa umebaki kuwa uhakiki wa miti. Mhakiki huorodhesha misitu, mito na wanyama waliotajwa katika kazi, kisha huhitimisha kwamba mwandishi ameishughulikia dhamira ya uhifadhi na kwamba mazingira ni yetu sote. Makala haya yanaipinga kauli hiyo ya mwisho. Mazingira huenda yakawa yetu sote. Madhara yake sivyo.

Pingamizi langu linaanzia kwenye sarufi. Kiswahili hutofautisha kauli ya kutendwa na kauli ya kutendeka. Tukisema mto umechafuliwa, sentensi inabaki na nafasi ya mtenda hata asipotajwa, na msikilizaji ana haki ya kuuliza: na nani? Tukisema mto umechafuka, nafasi hiyo imefungwa. Hatuwezi hata kusema “mto umechafuka na kiwanda”, sarufi inakataa. Ripoti, mabango na tahakiki zetu zimejaa kauli hii ya pili: misitu imetoweka, ardhi imeharibika, hali ya hewa imebadilika, jamii zimeathirika.

Tuitazame Owino Uhuru, mtaa wa watu maskini wapatao 3,000 mjini Mombasa. Kuanzia mwaka 2007 kiwanda cha kuyeyusha betri kuukuu kilifanya kazi ukutani mwa nyumba zao, na hakikufungwa hadi mwaka 2014. Betri hizo zilitoka katika magari ambayo wengi wa wakazi hao hawakuyamiliki. Madini ya risasi yaliingia katika vumbi, maji na damu. Phyllis Omido, aliyekuwa mfanyakazi wa kiwanda hicho na ambaye mwanawe alipatikana na sumu hiyo mwilini, aliongoza madai yaliyofika mahakamani mwaka 2016. Mwezi Julai 2020 Mahakama ya Mazingira na Ardhi iliwapa wakazi fidia ya shilingi bilioni 1.3 na kuagiza udongo usafishwe. Mwaka 2023 Mahakama ya Rufaa ikaitengua tuzo hiyo. Desemba 2024 Mahakama ya Juu ikairejesha.

Risasi, kwa Kiswahili, ni madini hayo na pia ni kile kitokacho katika mtutu wa bunduki. Hakuna asemaye kwamba fulani amepigika risasi. Amepigwa, na swali linalofuata ni nani aliyempiga. Mtoto wa Owino Uhuru aliyevuta vumbi la risasi, yeye “ameathirika”. Katika miaka yote hiyo kazi ya mawakili ilikuwa, kwa namna fulani, kumtoa mtoto huyo katika kauli ya kutendeka na kumtia katika kauli ya kutendwa: kuonyesha nani alitoa leseni, nani alinyamaza alipopaswa kukagua, nani alipata faida. Mahakama iliwataja wahusika, zikiwamo taasisi za serikali. Hukumu yenyewe iliandikwa kwa Kiingereza. Ikifika kwa wananchi kwa Kiswahili cha habari, mara nyingi husikika tu kwamba “waathirika watalipwa”.

Sidai kwamba neno “waathirika” lifutwe. Limekita mizizi, hasa Tanzania, na vita vya kamusi havilishi mtu. Aidha, ipo mahali ambapo kauli ya kutendeka ni ya kweli. Mto Nyamwamba, wilayani Kasese nchini Uganda, hufurika kwa mvua za milima ya Rwenzori, na si uongo kusema umefurika. Lakini kingo zake zina mabaki ya mgodi wa shaba wa Kilembe, na mafuriko huyasomba hadi mashambani. Mvua ilinyesha, mabaki yalirundikwa. Mwandishi wa ripoti anayeviweka vyote viwili chini ya kichwa “janga la asili” amemwondolea mtu dhima bila kusikiliza shauri.

Fasihi yetu imekuwa makini kuliko wahakiki wake. Katika hadithi fupi “Tumbo Lisiloshiba”, Said Ahmed Mohamed anakipa kitongoji cha wanyonge jina la Madongoporomoka. Jina lenyewe linadokeza kitu kinachoanguka chenyewe, kama kwamba makazi ya maskini yana kasoro ya asili. Hadithi inalikanusha jina hilo. Jitu linaingia katika mkahawa wa Mzee Mago, linakula kila kilichopo na kuahidi kurudi. Kisha wanakuja wenye nguvu na matingatinga. Madongo hayaporomoki, yanaporomoshwa. Tahakiki nyingi zinazotumika madarasani huishia kwenye ulafi na unyakuzi wa ardhi. Hazitoi neno juu ya mazingira, kwa kuwa hakuna msitu wa kuhesabu. Kwangu mimi, hii ni miongoni mwa hadithi za Kiswahili zinazosema kwa uwazi zaidi juu ya haki ya mazingira, maana inauliza ni nani anayeishi penye uchafu, na kwa nini pakishatamanika haruhusiwi kubaki.

Washauri wa sera huenda wakaona huu ni mzozo wa viambishi. Nawaomba wachukue rasimu yoyote ya Kiswahili iliyo mezani mwao, waende kwenye sehemu ya visababishi, na kila penye “kuharibika” wajaribu kuandika “kuharibiwa na”. Pale ambapo sentensi itakataa kukamilika kwa sababu hakuna aliyechunguza jina la kuweka, wamepata mahali pa kuanzia uchunguzi. Pale ambapo jina linajulikana na bado halikuandikwa, swali si la kisarufi tena.