Mluzi Usiojibiwa: Fani ya Farasi katika Breath of the Wild

Kwanza unachuchumaa. Kijiti cha pedi unakisukuma kidogo tu, maana ukikisukuma hadi mwisho Link, mhusika unayemwongoza, atatembea kwa kishindo na farasi atamsikia. Unamzungukia kwa nyuma, unangoja ainamie majani, halafu unabonyeza kitufe na kumrukia mgongoni. Hapo anaanza kurusha miguu, na duara la kijani linaloonyesha pumzi za Link linaanza kupungua. Kuna kitufe cha kumtuliza; unakibonyeza tena na tena na tena. Pumzi zikiisha kabla hajatulia, anakumwaga chini na kuondoka shoti hadi ng'ambo ya bonde, nawe unaanza upya.

Hivyo ndivyo farasi anavyopatikana katika The Legend of Zelda: Breath of the Wild, mchezo wa video ambao kampuni ya Nintendo iliutoa tarehe 3 Machi 2017. Nimeucheza miezi mingi hapa Kanoni, Karagwe, kwenye Switch, mashine ya kushika mkononi ambayo ina betri yake, kwa hiyo umeme ukikatika jioni Link haachwi njiani. Nataka kumsoma farasi huyu jinsi tunavyosoma utenzi: tunahesabu mizani, tunatazama vina, tunauliza kwa nini mstari umekatwa pale na si kwingine. Dai langu ni moja. Sehemu iliyo bora kuliko zote katika fani ya farasi huyu ni ileile inayolalamikiwa na wachezaji wengi: ukimpigia mluzi akiwa mbali, haji.

Nianze na rangi, kwa sababu rangi ndiyo iliyonifundisha kuuheshimu mchezo huu.

Mjomba wangu anafuga ng'ombe. Siku moja alikaa kando yangu akitazama skrini bila kusema neno, mimi nikihangaika na farasi mweusi asiye na doa hata moja. Nilimwagwa mara tatu. Mjomba akaniuliza, "Na yule wa madoa pale nyuma, umeshamjaribu?" Nikamjaribu. Akatulia kwa mibonyezo michache. Mjomba hakushangaa hata kidogo. Akaniambia, "Basi mwanangu, wenye kuutengeneza huu wanajua kwamba mnyama husomwa ngozi kwanza."

Wanajua kweli. Katika Breath of the Wild, farasi wenye madoa na mabaka kwa kawaida ni wapole, wepesi kuzoeka, na uwezo wao ni wa wastani. Wale wa rangi moja ni wakali, wanachelewa kutii, ila mara nyingi ndio wenye mbio zaidi au nguvu zaidi. Hakuna maandishi yanayoelea juu ya kichwa cha farasi porini kukupa habari hizo. Takwimu zake, yaani nguvu, mbio, pumzi na tabia, utaziona ukimfikisha kwenye banda la farasi. Kabla ya hapo unayo macho yako tu. Kwa lugha ya uhakiki, rangi hapa ni fani inayobeba maudhui bila msimulizi kuingilia kati.

Kwa msomaji wa Karagwe jambo hili lina uzito wake. Pande zote mbili za Mto Kagera, ng'ombe huitwa kwa rangi yake: bihogo ni mwekundu wa kukolea, gaaju ni mwekundu mwepesi, na orodha inaendelea hadi kwenye mabaka na mistari ambayo Kiswahili changu hakina majina yake. Jina la rangi ndilo mlango wa kumjua mnyama. Ukumbuke pia kwamba watawala wa Karagwe kule Bweranyange waliweka katika hazina yao sanamu za ng'ombe za chuma, na mhunzi alipotaka kumfua ng'ombe wa chuma, mkazo wote aliuweka kwenye pembe. Alichagua alama moja inayotosha. Mbunifu wa mchezo amefanya uchaguzi wa namna hiyo, ila yeye amechagua ngozi.

Ukishamtuliza, safari inaanza ya kumpeleka bandani, na hii ndiyo sehemu ninayoipenda kuliko zote. Farasi ameacha kurusha miguu, ila bado hajawa wako. Anakwenda matiti vizuri, mara anakata kushoto bila kuombwa, mara anasimama. Kila anaporudi kwenye mwelekeo unaoutaka, unampapasa shingoni kwa kitufe kilekile ulichomtulizia. Ukimpapasa kwa wakati wake, mnazoeana. Ukimpa tufaha mkononi, mnazoeana zaidi. Ukisahau kumpapasa, anabaki mgeni chini yako. Banda lenyewe unaliona kutoka mbali, hema kubwa lenye kichwa cha farasi cha mbao juu ya paa, na kwa kuwa linaonekana mapema lakini farasi haendi moja kwa moja, unaipima ile njia mkono kwa mkono. Ukifika unalipa rupia 20 za mle mchezoni, anapewa tandiko na hatamu, halafu unaulizwa jina. Unaruhusiwa farasi watano tu kwenye daftari la mabanda. Kwa hiyo jina linakuja mwisho, baada ya kazi, na nafasi za majina ni chache. Mshairi anayejua kuchelewesha neno muhimu hadi mwisho wa ubeti ataielewa mbinu hii mara moja. Wa kwangu, mwekundu wa kukolea, nilimwita Bihogo.

Baada ya kuzoeana kikamilifu, kuna jambo dogo linalotokea ambalo wengi hawalitambui. Ukiwa barabarani, waweza kuachia kijiti. Bihogo anaifuata barabara mwenyewe, kona kwa kona. Mkono wako unakuwa huru, na jicho nalo. Unaanza kutazama kando: moshi wa kambi, mnara, mawingu yanayoleta mvua. Katika michezo mingi chombo cha kusafiria hukukaza macho mbele, kwa sababu ukizubaa utagonga. Hapa mnyama anabeba sehemu ya kuona. Anayepanda bodaboda ya dereva anayemwamini kutoka Kanoni kwenda Kayanga anaijua hali hiyo: mara ya kwanza unaangalia gurudumu la mbele, mara ya kumi unaangalia mashamba ya migomba.

Sasa huo mluzi.

Kitufe cha mluzi kipo muda wote. Ukipiga Bihogo akiwa karibu, anakuja mbio, na utamwona anavyozunguka mwamba na kutafuta njia. Ukipiga akiwa bonde la tatu, sauti inatoka, inapotea, na wewe umebaki umesimama. Alama yake ndogo ya kichwa cha farasi inaonekana kwenye ramani, pale pale ulipomwacha. Ukitumia uwezo wa kuhama ghafla kwenda hekalu la mbali, unahama peke yako. Una njia mbili: umfuate kwa miguu, au uende kwenye banda lolote umwombe hapo.

Linganisha na wengine. Katika The Witcher 3, mchezo wa mwaka 2015, mhusika mkuu Geralt anapiga mluzi na farasi wake Roach anatokea nyuma ya kamera, karibu popote ulipo, wakati mwingine mahali ambapo hakuna farasi ambaye angeweza kufika. Katika Elden Ring ya Februari 2022, Torrent ni mnyama wa roho: unapuliza filimbi naye anajitengeneza chini ya miguu yako tayari umempanda. Torrent ana pembe, na nakiri kwamba nilipoziona nilihisi niko nyumbani. Anaruka mara mbili hewani, anapanda majabali, na akifa unamrudisha kwa kinywaji cha dawa. Kwa vita ni mbinu safi sana. Mapigo ya mchezo ule ni ya kasi na hayana nafasi ya kumngojea mnyama. Lakini Torrent hana mahali. Swali "farasi wangu yuko wapi?" halina maana kwake, kwa sababu asipokuwa chini yako hayupo popote. Bihogo yuko mahali, hata nikizima mashine na kwenda kulala.

Tofauti hiyo ndiyo kiini cha hoja yangu. Wito unakuwa wito pale tu ambapo unaweza kukosa kuitikiwa. Mluzi wa Roach kwa sura ni mluzi, kwa utendaji ni swichi. Mluzi wa Breath of the Wild una masafa, na masafa hayo yanaigeuza ardhi yote kuwa kipimo cha uhusiano wako na mnyama. Kila unapoamua kuparamia mwamba, unaamua pia kumwacha. Hakuna anayekueleza hivyo. Unakuja kujua baadaye, upande wa pili wa mlima, mvua ikinyesha, vidole vyako vikitafuta kitufe.

Mchezo ulioutangulia katika hili, na ambao kwa maoni yangu bado haujapitwa kwa ukali wa fani, ni Shadow of the Colossus wa mwaka 2005, uliobuniwa chini ya Fumito Ueda. Pale humwongozi farasi kabisa. Unamwongoza kijana Wander, na Wander ndiye anayemwongoza Agro. Ndiyo maana Agro anachelewa kidogo kugeuka, na ndiyo maana akipita kwenye njia nyembamba kando ya korongo anajishikilia mwenyewe hata mkono wako ukikosea. Ule ucheleweshaji mdogo, ambao mchezaji mwenye haraka angeuita kasoro, ndiyo nafsi ya Agro. Karibu na mwisho daraja linavunjika chini yao, naye anamrusha Wander ng'ambo na kuanguka yeye. Nilipofika hapo mara ya kwanza niliendelea kubonyeza kitufe cha kuita kwa muda mrefu.

Breath of the Wild nayo ina dosari, na ni kubwa. Dunia yake imejengwa kwa wima: Link anaparamia karibu kila ukuta, kisha anafungua kishada chake na kuelea hewani hadi bonde linalofuata. Farasi ni wa ulalo. Haparamii, haelei, na jangwa la mchanga la Gerudo haliingii. Matokeo yake mchezaji akishazoea kishada anamwacha farasi bandani kwa wiki nzima, na fani yote niliyoieleza inalala pamoja naye. Wabunifu wamefanya farasi mzuri, kisha wakamjengea nchi isiyomhitaji vya kutosha.

Nadhani waliliona, ndiyo maana Desemba 2017, katika nyongeza iitwayo The Champions' Ballad, wakaweka tandiko la kale. Farasi aliyevaa tandiko hilo ukimpigia mluzi hata akiwa mbali anatokea. Watu walilishangilia. Mimi naona waliitibu dosari kwa kukata kiungo kizima. Tatizo lilikuwa ardhi isiyompa farasi kazi. Dawa ikawa kuufuta umbali, ambao ndio uliompa maana.

Umbali huo ndio historia ya farasi katika nchi hii. Stanley alipoondoka Bagamoyo mwaka 1871 alikuwa na farasi wawili, mmoja zawadi ya Sultani Barghash. Wote wawili walikufa Kingaru, kabla msafara haujafika hata Morogoro. Speke alimfikia mtawala Rumanyika hapa Karagwe mwaka 1861 kwa safari ya miguu. Magonjwa, na mbung'o wa mapori wakiwa mbele kabisa, yalihakikisha kwamba farasi anafika bara zaidi kama habari kuliko kama mnyama. Kwenye pwani vilevile, Mwengo alipotunga Utendi wa Tambuka huko Pate mwaka 1728, aliwajaza farasi wa vita vya Waarabu na Warumi katika utungo wa kisiwa cha majahazi na punda. Mizani minane kwa kila kipande, kina cha mwisho kikirudi ubeti baada ya ubeti kama kwato: farasi yule alikwenda kwa fani, kwa sababu hapakuwa na udongo wa kumwendeshea. Mtoto wa Kanoni anayeshika pedi leo yuko katika hali hiyohiyo. Wengi wetu hatujawahi kunusa farasi. Tunamjua kwa jinsi alivyoundwa tu, kwa hiyo muundo ukidanganya hatuna pa kuuhakikishia, na ukisema kweli tunaitambua kweli hiyo kupitia mnyama tunayemjua, aliye zizini.

Mjomba ndiye aliyenionyesha hili bila kukusudia. Jioni moja nilikuwa nimempoteza Bihogo nyuma ya mlima, napiga mluzi juu ya mluzi. Alikuwa akipita mlangoni na ndoo ya maziwa. Akasimama. "Hakusikii," akasema, "mteremkie."

Tandiko la kale ninalo. Nililichimbua kwenye sanduku lake mwezi uliopita, na limo kwenye orodha ya vifaa bandani, halijavishwa farasi yeyote. Bihogo jana nilimwacha chini ya vilele vya Dueling Peaks, kando ya mto, nikapanda juu kutafuta uyoga. Alama yake bado iko palepale kwenye ramani. Betri imebaki robo. Inatosha kushuka.