Ibada ya Utupu katika Riwaya za Kezilahabi

Iko lawama moja ambayo imeziandama riwaya za Euphrase Kezilahabi tangu Kichwamaji ilipotoka mwaka 1974: ya kuwa mwandishi huyu amewaondolea wasomaji wake Mungu, na mahali pake akaweka utupu ili uabudiwe. Wako wanaoyasema hayo kwa kumsifu, wakimhesabu miongoni mwa wafuasi wa falsafa iitwayo udhanaishi. Wako pia wanaoyasema kwa hofu, hasa walimu na wazazi, ambao huona ya kuwa kijana akipewa vitabu hivi atafundishwa kukata tamaa. Jambo hili si dogo, maana likiwa kweli, basi mmoja wa watungaji wakubwa wa lugha yetu ni mhubiri wa mauti. Nakusudia hapa kulipima kwa vitabu vyenyewe, na kabla ya vitabu, kwa lugha ambayo vimeandikwa.

Kezilahabi alizaliwa Namagondo, katika kisiwa cha Ukerewe, mwaka 1944, akafariki Dar es Salaam mwaka 2020. Msafiri aliyezoea kwenda kisiwani humo kwa njia ya Bunda ajua ya kuwa barabara humfikisha Kisorya, na hapo ardhi hukoma. Mbele ni mlango mwembamba wa ziwa, na upande wa pili ni Rugezi. Asipokiona kivuko huuliza, naye hujibiwa, “Hakipo.” Hapana mtu asikiaye jibu hilo akadhani ya kuwa kivuko kimefutika duniani. Hakipo hapa, kiko ng'ambo. Msafiri hutua mzigo wake akangoja.

Nimeutaja mfano huu mdogo kwa sababu waonyesha tabia ya Kiswahili ambayo wahakiki wengi wameipita bila kuitazama. Lugha yetu haina njia nyepesi ya kusema ya kuwa kitu kipo au hakipo pasipo kutaja mahali. Twasema hayupo, hayuko, hayumo, na kila mojawapo yaashiria mahali pa namna yake: mahali dhahiri, mahali pasipo mipaka, na ndani. Hata maneno hapana, hakuna na hamna yamebeba viambishi vilevile vya mahali. Jean-Paul Sartre, mwaka 1943, aliweza kulitia neno la Kifaransa lenye maana ya kutokuwapo katika jina la kitabu chake, likasimama peke yake kama jina la kitu. Mtu ajaribuye kulifasiri kwa Kiswahili hutangatanga kati ya utupu, ombwe na kutokuwapo, na hilo la mwisho lamrudisha tena kwenye kiambishi cha mahali. Basi, mtu asemaye kwa Kiswahili, “Mungu hayupo,” amekwisha kudokeza, apende asipende, ya kuwa pako mahali alipotafutwa.

Neno utupu nalo lina mambo yake. Mtungi mtupu hauna kitu ndani. Lakini ukweli mtupu ni ukweli usiochanganywa na kitu kingine. Mzizi huohuo wataja ukosefu na pia usafi. Tena utupu ni uchi, hali ya mtu aliyevuliwa nguo zote. Mwandishi atumiaye neno hili ana maana tatu mkononi, na Kezilahabi, aliyekuwa mshairi kabla ya kuandika riwaya hizi za mwisho, hakuwa mtu wa kutojua hayo.

Wala si yeye wa kwanza kuutembelea utupu katika fasihi yetu. Sayyid Abdalla bin Ali bin Nasir, katika Al-Inkishafi, aliwaonyesha watu wa pwani majumba ya Pate yaliyohamwa na wenyewe na kukaliwa na popo. Lakini kwake nyumba tupu ni hoja ya imani: dunia huisha, Mungu haishi. Shaaban Robert katika Kusadikika, mwaka 1951, aliiweka nchi nzima hewani, ikawa nchi isiyo na ardhi. Humo Karama alishtakiwa kwa kufundisha elimu ya sheria. Hewa ile ni pazia tu. Nyuma yake twaiona nchi ya kweli yenye watawala wake na uonevu wao. Katika kazi zote mbili utupu umetumika kwa ajili ya jambo lingine. Kezilahabi aliuingia wenyewe, na hapo ndipo penye ugumu wake.

Tuanze na Kichwamaji, kwa kuwa ndicho kitabu kinachoshtakiwa zaidi. Kazimoto ni kijana wa chuo kikuu. Elimu imemtoa kwa wazee wake bila kumfikisha kwingine. Anaona aibu ikiingia nyumbani kwao kupitia dada yake, anamwoa Sabina, wanapata mtoto mwenye kichwa kikubwa kupita kiasi, naye hakuishi, mwisho Kazimoto anajiua. Ibada yoyote ina mambo matatu: anayeabudiwa, anayeabudu, na sadaka. Katika kitabu hiki yote matatu yamo. Kazimoto ameufanya utupu kuwa jibu la kila swali, ameufuata kwa uaminifu kama muumini, na ametoa sadaka ya nafsi yake. Lakini msomaji na aangalie vema. Kuionyesha ibada si kuihubiri. Maradhi yanayomharibu mtoto yana asili yake, nayo ni mienendo ya hao vijana wasomi wenyewe. Hayakushuka kutoka mbingu zisizo na mtu. Kazimoto auita utupu kile ambacho angeweza kukiita kosa. Mwandishi amelijua hilo; mhusika wake hakulijua. Asiyetenganisha wawili hawa humtwika mtungaji hatia ya mtu aliyemtunga.

Baada ya hapo ilipita miaka 16 kabla ya Nagona kutoka mwaka 1990, kisha Mzingile mwaka 1991. Kati yake Kezilahabi alikuwa amekwenda Marekani, akamaliza shahada ya udaktari katika Chuo Kikuu cha Wisconsin mwaka 1985 kwa tasnifu juu ya falsafa ya Kiafrika na tatizo la kufasiri fasihi. Vitabu hivi viwili ni vyembamba, na wasomaji wengi waliviona kama mafumbo. Katika Nagona msimulizi anapita katika mji ulio kimya, akiitafuta kweli ambayo humkimbia mfano wa paa. Wenye hekima wa Ulaya wanatokea njiani, lakini hakuna awezaye kuikamata kwa hoja zake. Hapa utupu si jibu tena. Ni hali ya mtu aliyevuliwa majibu yote, yaani ile maana ya tatu ya neno. Watu katika hadithi hii wanaingoja Ngoma Kuu, na mtu angojaye ngoma haabudu ukimya.

Katika Mzingile jambo lenyewe ni wazi zaidi. Msimulizi anakwenda kumtafuta mzee Kakulu, ambaye ni vigumu kutomtambua kuwa ni Mungu, ili ampe habari ya kifo cha mwanawe. Kama mwandishi angetaka kufundisha ya kuwa Mungu si kitu, safari hiyo isingekuwa na maana. Hapelekewi mtu tanzia asiyekuwako. Kezilahabi ameandika habari za Mungu aliyejitenga na watu, na watu waliojitenga naye, na umbali huo ndio utupu wa kitabu. Na baada ya dunia kuangamia, habari haifungwi kwa kaburi: wamebaki mwanamume na mwanamke, na mwanzo mpya wawezekana. Utupu huu ni wa shamba lililofyekwa.

Sisemi ya kuwa vitabu hivi havina kasoro. Wanafalsafa wa Nagona wanapita upesi mno, na msomaji asiyewajua kutoka kwingine hapati cha kushika. Mwanamke katika riwaya zote mbili ni ishara zaidi kuliko mtu. Amewekwa awe mwanga au mwanzo, wala hapewi nafasi ya kuwa na mashaka yake mwenyewe kama msimulizi. Katika jambo hili Kichwamaji, pamoja na giza lake lote, ina watu walio hai zaidi.

Lakini juu ya shtaka tulilolianza, nadhani hukumu ni hii: ibada ya utupu imo katika kazi ya Kezilahabi, naye aliiweka mikononi mwa Kazimoto ili tuone inakomfikisha. Mwalimu anayeogopa kuwapa vijana Kichwamaji asiifiche. Aisome pamoja nao, na wakiisha kusoma ukurasa wa mwisho awape na Mzingile, kisha awaulize tofauti ya hakuna na hayupo. Wanafunzi wa Kisorya, ambao wameona watu wakingojea kivuko, hawatakawia kumjibu.