Mlango wa Madhalim na Haki ya Mtumishi wa Dola

Sifa zote njema ni za Mwenyezi Mungu, na rehma na amani zimfikie Mtume wetu Muhammad (S.A.W.).

Ama baad: "Al-Ahkam as-Sultaniyya" ya Imamu Al-Mawardi, kadhi wa Kishafii aliyefariki mwaka 450 Hijria (1058 Miladia), wengi wetu huisoma kwa ajili ya mlango wa Uimamu, kisha mlango wa madhalim tukaupita haraka. Na huo ndio unaojibu swali zito: mtumishi aliyedhulumiwa na dola amshitakie nani, na baraza hilo lina mpaka gani?

Katika mambo kumi ya baraza la madhalim, la nne ni malalamiko ya wenye kulipwa na dola wanapopunguziwa au kucheleweshewa malipo. Mwangalizi arejee kwenye diwani, awape kwa kiwango cha uadilifu. Kilichopungua, ikiwa wakubwa wao wamekichukua, wakirejeshe; la sivyo, kilipwe na Baitul-Mali. Ametaja hapo kisa cha Khalifa Al-Ma'mun: mkuu wa jeshi alimwandikia kuwa askari wameasi na kupora, Khalifa akamlaumu yeye mkuu kwa kukosa uadilifu na nguvu, akamuuzulu, na askari wakalipwa.

Tunafahamu hapa kwamba baraza halipangi mishahara kwa rai yake. Linarudi kwenye daftari na kuondoa dhulma. Huu ni mpaka mzuri.

Lakini tuna mawili ya kumhoji Imamu, pamoja na heshima yake. Kwanza, katika mambo matatu ya mwanzo, likiwemo la dhulma ya magavana, amesema mwangalizi hangoji mlalamikaji. Kwa mtumishi hakusema hivyo, ilhali anayemwogopa mkubwa wake ndiye aliye mzito wa kusema.

Pili, katika mlango wa diwani ameeleza kuwa mtawala akiwaondoa baadhi ya askari kwa sababu au udhuru, inajuzu. Bila sababu, haijuzu. Basi nani atamwuliza sababu? Katika jambo la nne aliyeachishwa hakutajwa. Akisema msemaji kuwa ameingia katika dhulma ya magavana, tutakubali. Lakini mwenye kudhulumu akiwa Khalifa mwenyewe, mwangalizi ni naibu wake. Katazo lipo, mlango wa kulishitakia ni mwembamba.

Rai yetu ni hii: baraza liulize sababu na kuichunguza kama ni ya kweli. Ikithibiti, hekima ya uamuzi iachiwe mwenye jukumu. Ikikosekana, uamuzi uvunjwe na aliyeachishwa arejeshewe haki yake. Anayedai kuwa mtawala haulizwi amekosea, na anayetaka kadhi aendeshe kila idara naye amekosea.

Na sisi maimamu tuanze kwetu: mwalimu wa madrasa anapoachishwa na kamati ya msikiti, je, huambiwa sababu?

Wallahu a'lam.