Miadi ya Maji: Wakati katika Mchezo wa Kinjeketile na Ushahidi wa Ifakara

Mchezo wa Kinjeketile, alioutunga Ebrahim Hussein ukapigwa chapa na Oxford University Press mwaka 1969, huwavuta wasomaji kwanza kwenye maji yake. Je, yalikuwa dawa au hadaa? Swali hilo ni la haki, lakini hulifunika jingine lenye uzito zaidi. Katika ulimwengu wa mchezo huu maji hayana nguvu peke yake. Yana nguvu kwa miadi. Aliyeyatoa ndiye pia ashikaye wakati: yeye ndiye awaambiaye watu wangoje, na yeye ndiye atazamiwaye kusema saa imefika. Basi hapana budi kuuliza: mshika wakati akiondoka, nguvu aliyoiamsha huenda wapi?

Hussein amelijenga jambo hili kwa ustadi. Kinjeketile hupagawa na pepo Hongo, huingia mtoni, watu wakamdhania amekufa, kisha hurudi na maji pamoja na neno la umoja. Halafu huwakataza kupigana mpaka atakapotoa amri. Katika muda huo wa kungoja ndimo inamofanyika kazi kubwa ya mchezo: makabila yaliyokuwa yakitiliana shaka hukaa pamoja, Kitunda huwafundisha watu vita, na hofu ya bunduki hupungua. Lakini katika muda huo huo nabii mwenyewe huingiwa na shaka, baada ya kuambiwa kwamba alipokuwa amepagawa alitamka kuwa watu watakuwa wana wa Seyyid Said. Kungoja kunawatia watu nguvu; kunamwondolea yeye yakini. Hatimaye watu huchoka na miadi, wakaanza vita bila amri yake. Hapo ndipo neno linapomshinda aliyelisema.

Jina la mchezo limeandikwa tofauti kidogo na la mtu wa historia, Kinjikitile Ngwale wa Ngarambe, na tofauti hiyo yamtahadharisha msomaji asiwachanganye watu wawili. Hata hivyo tarehe za historia zina la kusema. Mwishoni mwa Julai 1905 Wamatumbi waling'oa pamba huko Nandete. Tarehe 4 Agosti Kinjikitile alinyongwa na Wajerumani huko Mohoro. Siku 12 baadaye, tarehe 16 Agosti, kikosi kidogo cha Wajerumani kilichokaa Ifakara kilishambuliwa kikaangamizwa. Tarehe 30 Agosti, Wambunga na Wapogoro kwa maelfu waliiendea boma ya Mahenge, wakapokewa na bombomu mbili. Maana yake ni kwamba vita vilipofika bonde la Kilombero, mwenye miadi alikuwa amekwisha kufa. Maji yaliendelea kuchukuliwa na wajumbe, ambao nao waliitwa kwa jina la Hongo. Amri ya kungoja ilikuwa imekatika, lakini kile kilichokusanywa katika kungoja kilizidi kuvuma, kama ngoma inavyovuma baada ya mpigaji kuinua mikono.

Wala kwa watu wa bonde hilo maji hayo hayakutoka nchi ya mbali kabisa. Kilombero, uitwao pia Ulanga, hukutana na Luwegu, na hapo ndipo Rufiji huzaliwa, karibu na maporomoko ya Shughuli. Dawa ya Ngarambe, yaani maji yaliyotiwa mtama na mafuta ya mbarika, ilipanda kwa njia ya wajumbe kuelekea kule ambako mto huteremka. Na bondeni mto ndio mshika wakati mkuu: mvua zikizidi uwanda hufurika, maji yakipungua njia hufunguka. Vita viliingia Ifakara wakati wa kiangazi, majira ambayo uwanda hupitika. Nabii alikuwa hayupo, majira yalikuwapo.

Hapa ndipo mchezo unapostahili kuhojiwa. Hussein humweka Kinjeketile hai hata baada ya kushindwa, akawa mfungwa mbele ya ofisa anayemtaka akiri kwamba maji yalikuwa uongo. Kwa kufanya hivyo mtungaji amepata kitu kikubwa: nabii hulazimika kuyatazama matokeo ya neno lake, na Kitunda, aliyeona watu wakifa, ana haki ya kumdai jibu. Lakini pia amepoteza kitu. Jambo la ajabu kuliko yote katika historia hii, yaani watu wa Ifakara na Mahenge kuitii sauti iliyokwisha nyamazishwa, haliwezi kuonekana jukwaani maadamu mwenye sauti angali anasema.

Hasara hiyo, hata hivyo, hulipwa kwa sehemu na tendo la mwisho. Kinjeketile hukataa kuyakana maji, kwa ajili ya wajukuu watakaokuja. Wako waliouona ukaidi katika jibu hilo. Lakini likisomwa kwa upande wa wakati, jibu hilo ni miadi mpya: aliyeshindwa kuzitawala siku za kungoja anazikabidhi kwa vizazi. Mchezo haukuonyesha Ifakara, lakini umetaja sababu iliyoifanya Ifakara iwezekane.

Isidhaniwe kwamba sifa hiyo yafuta gharama. Vita viliendelea mpaka 1907, na makumi ya maelfu walikufa, wengi wao kwa njaa. Ubora wa Kinjeketile ni kwamba hauwapi wasomaji ruhusa ya kusahau mojawapo ya mambo mawili: neno liliwaunganisha watu, na neno hilo hilo liliwapeleka mbele ya bombomu. Upungufu wake ni kwamba umeliacha neno mikononi mwa mtu mmoja hadi pazia linapofungwa. Bonde la Kilombero lingali lamngoja mtungaji atakayeanza pale nabii alipokoma, asubuhi ya tarehe 16 Agosti, jukwaa likiwa na maji, na watu, na kimya cha aliyeyatoa.