Mwuaji wa Mazimwi na Utoto Wake

Hadithi fupi ni chombo kidogo, na aghalabu uzuri wake umo katika yale yasiyosemwa. Mwaka 1986 Andrzej Sapkowski, mwandishi wa Polandi, alichapisha katika jarida la Fantastyka hadithi iitwayo Wiedźmin. Mgeni mwenye nywele nyeupe anaingia katika mji wa Wyzima, anaagiza pombe, anachokozwa, na kabla msomaji hajamjua ni nani, watu wamekwisha kufa. Jina lake ni Geralt. Kazi yake ni kuua mazimwi kwa ujira, na wanaomhitaji ndio hao hao wanaomchukia. Jinsi alivyofunzwa, na jinsi mwili wake ulivyogeuzwa hata akawa si kama binadamu wengine, twayajua kwa vipande tu, tena kwa kuchelewa.

Mwaka 2002 televisheni ya Polandi ilionyesha mfululizo wa sehemu 13 uliotokana na hadithi hizo, ukiongozwa na Marek Brodzki. Sehemu ya kwanza yaitwa Utoto. Ya pili, Mafunzo. Hapa ndipo ninapogombana na watengenezaji wake. Walichukua tungo zilizotawanyika wakazipanga kama maisha ya mtu, toka udogo wake hadi ukubwani, wakadhani wamemsaidia mtazamaji. Kumbe wamemnyang'anya kazi yake, nayo ni kazi ya kubahatisha, kushuku na kuogopa.

Hasara hiyo yaonekana wazi katika Mniejsze zło, yaani Uovu Ulio Mdogo. Katika mji wa Blaviken Geralt amekaa baina ya mchawi Stregobor na Renfri, binti wa mfalme aliyewindwa tangu utotoni. Kila mmoja amwambia kuwa mwenziwe ndiye uovu mkubwa. Geralt akataa kuchagua. Hatimaye amwua Renfri na watu wake sokoni, na wenyeji wampiga kwa mawe. Msomaji aijua nia yake, wala hana hakika kama alitenda haki. Mkono wake nao wakaribia kuokota jiwe. Katika mfululizo, kisa hiki chaja katika sehemu ya kumi. Kufikia hapo tumekwisha kutembea na Geralt tangu alipokuwa mtoto, na nani awezaye kumtupia jiwe mtoto aliyemlea?

Watu wengi walilicheka joka la dhahabu, lililoundwa kwa kompyuta, na kwa hakika ni joka la kuhurumiwa. Lakini sioni kwamba fedha kidogo ndiyo iliyoliua. Katika hadithi yake Sapkowski, joka hilo hutembea kwa umbo la mtu, Borch, mpenda chakula na maongezi, asafiriye pamoja na wale wale waendao kuwinda joka. Ajabu yote imo katika kumsikiliza mtu mwema, kisha kugundua kuwa si mtu. Kwa hilo chatosha kiti, meza na mchezaji mahiri.

Filamu ya mwaka 2001 ni mbaya zaidi. Ilikatwa kutoka katika picha zile zile, ikatangulia mfululizo wenyewe, na asiyesoma vitabu hakuweza kufuata lolote. Michał Szczerbic, aliyeandika mchezo huo, aliomba jina lake liondolewe.

Hata hivyo, si haki kuutupa wote. Michał Żebrowski, aliyecheza Geralt, anajua kunyamaza. Amesimama kama mtu aliyezoea kutazamwa vibaya mlangoni, na katika kusimama huko mna siri yote ambayo mpangilio wa sehemu umeitoa nje. Zbigniew Zamachowski, akiwa malenga Jaskier, analeta ucheshi unaohitajiwa sana. Muziki ni wa Grzegorz Ciechowski, aliyefariki Desemba 2001, kabla mfululizo haujaonyeshwa. Muziki huo una ule upweke ambao waandishi wa mchezo waliusahau.

Wamarekani wa Netflix, mwaka 2019, walikwenda njia nyingine: walichanganya nyakati tatu bila kuonya, na watazamaji wengi wakapotea. Lakini Blaviken waliiweka katika sehemu ya kwanza kabisa, tukauona umwagaji damu huo kabla hatujamjua mwenye upanga. Mwanafunzi atakayepata nafasi na asome kwanza Mniejsze zło, kisha atazame ile sehemu ya kumi ya Wapolandi, na aandike ni wapi hasa alipoanza kumwonea Geralt huruma.