Vitabu vya Uhamiaji na Watu wa Ziwa

Vitabu vinavyoeleza sheria zetu za uhamiaji vimepangwa kwa nidhamu: Sheria ya Wakimbizi ya 1965, kisha ile ya 1998, Sheria ya Uhamiaji ya 1972, kisha ile ya 1995. Kazi hiyo hatuibezi. Lakini tukivisoma hapa Mwanza, tunaona kasoro mbili.

Kwanza, vingi huanzia mpakani, kana kwamba kuhama kulizaliwa mwaka 1890, Waingereza na Wajerumani walipoligawa ziwa kwa mstari wa latitudo 1 kusini. Masimulizi ya Ukerewe husema ukoo wa Wasilanga, waliokitawala kisiwa, ulitoka Ihangiro, ng'ambo ya magharibi. Mgeni akawa mtawala, na uzao wake ukawa wenyeji. Asiyelijua hilo hataelewa kwa nini mvuvi hushangaa kuulizwa kwao ni wapi.

Pili, vingi vimeandikwa kwa Kiingereza. Anayehojiwa ufukweni hawezi kuisoma sheria inayomhukumu. Aniceti Kitereza wa Ukerewe aliandika riwaya yake kwa Kikerewe, kisha akaitafsiri mwenyewe kwa Kiswahili, ikachapishwa 1980. Mwaka 2021 Kiswahili kilifanywa lugha ya sheria na mahakama. Wanasheria wanangoja nini?

Hatusemi mpaka ufutwe. Nyumba isiyo na mlango si nyumba. Tunachodai ni kwamba mlango huo uelezwe kwa lugha ya wenye nyumba. Walimu na wavisome vitabu hivi pamoja na wanafunzi wao, huku wakiwasikiliza wazee wa visiwani.