Umri wa Ulimi: Bi Kidude katika Filamu za Andy Jones

Fatuma binti Baraka, maarufu kama Bi Kidude, aliaga dunia Unguja tarehe 17 Aprili 2013 bila ya yeyote kuweza kuthibitisha mwaka aliozaliwa. Pengo hilo ndilo lililompa mwongozaji Mwingereza Andy Jones anwani ya filamu yake ya kwanza ya hali halisi juu ya mwimbaji huyo, As Old as My Tongue: The Myth and Life of Bi Kidude (2006). Sehemu ya kwanza ya anwani hiyo ni msemo wa Kiingereza ambao Jonathan Swift alikwisha kuunukuu katika karne ya 18: aulizwaye umri wake hujibu kuwa ni sawa na ulimi wake, na wayapita meno yake kidogo. Ni jibu la kumkwepa muulizaji. Sehemu ya pili inaleta dhana ya kisasili.

Dhana hiyo ina walakini. Masimulizi ya maisha ya Bi Kidude huweka kuzaliwa kwake katika enzi za rupia, kabla ya Vita Vikuu vya Kwanza. Kwa mtaalamu wa fasihi simulizi, hicho si kisasili hata kidogo, bali ni mbinu ya kuhesabia wakati, kama jamii nyingine zinavyohesabu kwa njaa, kwa nzige au kwa rika la jando. Rupia haimpi mtafiti mwaka, humpa mpaka. Kuuita ushahidi wa namna hii kisasili ni kuupima kwa cheti cha kuzaliwa, na yamkini ni kulihudumia soko la muziki la ng'ambo, lililompa msanii huyu tuzo ya WOMEX mwaka 2005 na kuvutiwa na ukongwe wake sawa na sauti yake. Uzito wa sanaa yake ulikuwa kwingine: katika nyimbo alizorithi kwa Siti binti Saad, na katika ngoma ya unyago, ambayo aliitoa faraghani mwa wanawake akaipandisha jukwaani.

Filamu ya pili, I Shot Bi Kidude (2015), ina ujasiri zaidi. Inatokana na habari zilizoenea mwaka 2012 kwamba bibi huyo ametoweka katika maonyesho, na Jones anarudi Zanzibar kuuliza kulikoni. Mwongozaji sasa ni mhusika, naye anapaswa kuhojiwa kama wahusika wengine. Anwani yake inacheza na kitenzi cha Kiingereza chenye maana mbili, lakini Kiswahili kingempa tatu: hupigwa picha, hupigwa risasi, hupigwa ngoma. Maana hii ya tatu ndiyo iliyokuwa kazi ya Bi Kidude mwenyewe, naye aliimba kwa Kiswahili na Kiarabu.